UZI: Chopsi za nguruwe na viazi vya oveni kwa namna ya Umbria (viazi vitangulie, nyama ifuate)

Mleta uzi

Wakuu, habari za Jumapili. Kwenye uzi wa kitimoto wadau wengi mlilalamikia kitu kilekile: chopsi ya oveni inatoka kavu mpaka inakwama kooni, na viazi vilivyolala chini yake bado vina kiini kigumu. Niliahidi kufungua uzi, basi huu hapa. Ni mrefu kidogo, chukueni chai.

Naishi Perugia, makao makuu ya mkoa wa Umbria, katikati ya Italia. Nguruwe hapa ni nyama ya heshima. Kwenye milima ya mashariki mwa mkoa kuna mji wa Norcia, na mafundi wa huko kwa karne nyingi walikuwa wakishuka kila msimu wa baridi, wakizunguka mpaka Roma na Toscana kuchinja nguruwe za watu, kutengeneza soseji na kukausha mapaja kwa chumvi. Ladha wanayoipenda ni moja: kitunguu saumu, rozimari, pilipili manga na shamari. Ndiyo ladha ya porchetta, yaani nguruwe mzima aliyetolewa mifupa, akajazwa viungo, akafungwa kamba na kuokwa usiku kucha, halafu akauzwa kwa vipande kwenye vigari vya sokoni. Chopsi na viazi kwenye trei moja ni namna ya kuileta ladha hiyo jikoni kwako siku ya kawaida. Si chakula cha hoteli. Ni cha mama aliyerudi kazini na watoto wana njaa.

Sasa jambo lenyewe, na ndilo lililonifanya nifungue uzi. Viazi na chopsi haviivi kwa joto moja wala kwa muda mmoja. Wanga wa kiazi unaanza kuvimba na kulainika kwenye nyuzi joto 60 hadi 70, lakini pektini, ile gundi inayoshikanisha chembe za kiazi, hailegei sawasawa mpaka joto la ndani lipite 85. Chopsi ya mgongo haina mafuta mengi katikati. Ikifika nyuzi 63 hadi 65 ndani, imeiva na bado ina maji yake. Ikipita 70 misuli inajikaza na kuyakamua maji hayo, yanamwagika kwenye trei, na hayarudi. Ukiviingiza vyote pamoja dakika ya kwanza, tayari umeshaamua kimoja kiharibike. Mapishi mengi ya mtandaoni yanasema "panga kila kitu kwenye trei, oka saa moja". Saa moja inatosha viazi, nyama inakuwa imekwisha zamani.

Kwa hiyo viazi vinatangulia.

Mahitaji ya watu 4: chopsi 4 zenye mfupa, kila moja kama gramu 250 na unene wa sentimita 3 hivi, viazi kilo 1, vitunguu maji 2, kitunguu saumu punje 6, vijiti 3 vya rozimari mbichi, shamari kijiko 1 cha chai, mafuta ya zeituni vijiko 5 vya chakula, mvinyo mweupe mkavu nusu kikombe, chumvi na pilipili manga.

Unene wa chopsi nausisitiza. Mwambie wa bucha asikukatie nyembamba. Chopsi ya sentimita 1 imeshaiva kabla haijapata rangi, na hakuna ujuzi wa kuiokoa. Bora ununue 2 nene mgawane kuliko 4 nyembamba. Uliza pia kipande cha upande wa shingo: kina mafuta yaliyopita katikati ya nyama, na kinakusamehe ukichelewa kukitoa.

Nyama ianze kwa chumvi. Koroga gramu 50 za chumvi kwenye lita 1 ya maji baridi, zamisha chopsi, weka kwenye friji saa moja hadi mbili. Chumvi inaingia ndani na kuisaidia nyama ishike maji yake ikipata moto. Ukishazitoa zikaushe kwa kitambaa safi mpaka zisiteleze mkononi, maana nyama yenye maji juu haikaangiki, inachemka. Kisha chukua kisu, chanja ule utando wa mafuta wa pembeni sehemu tatu au nne, usiguse nyama. Utando ukipata moto unajikunja, na usipochanjwa chopsi inainuka katikati kama bakuli na haigusi kaangio.

Shamari itwange pamoja na kitunguu saumu punje 3, majani ya kijiti kimoja cha rozimari na pilipili manga. Changanya na kijiko cha mafuta, upake chopsi pande zote. Usiongeze chumvi.

Viazi: menya, kata vipande vya sentimita 3, osha mpaka maji yawe maangavu, kausha. Kukausha ni lazima. Changanya na chumvi, mafuta vijiko 3, vijiti 2 vya rozimari na punje 3 za saumu zikiwa na maganda yake (zikimenywa zinaungua na kuleta uchungu). Oveni iwe nyuzi 200 na iwe imepata moto kabisa. Trei iwe pana, viazi vilale safu moja visibanane, vinginevyo vinatoa mvuke na kupikana vyenyewe, rangi huipati. Oka dakika 20 bila kuvigusa. Hapo chini vinakuwa vimefanya gamba na vinabanduka vyenyewe; ukivigeuza kabla ya hapo gamba linabaki kwenye trei. Geuza, tia vitunguu maji vilivyokatwa vipande vinene, oka dakika 15 nyingine.

Dakika 5 za mwisho weka kaangio zito jikoni na kijiko cha mafuta. Zisimamishe chopsi kwa upande wa mafuta kwanza, dakika moja na nusu, mpaka mafuta yake yaanze kutoka na upande ule uwe wa dhahabu. Kisha zilaze, dakika 2 kila upande. Ziweke juu ya viazi. Kwenye kaangio hilohilo mimina mvinyo, kwangua yaliyoganda chini, acha upungue nusu, kisha uumwagie juu ya nyama. Rudisha trei kwenye oveni dakika 10 hadi 15. Kama una kipimajoto cha nyama, choma katikati mbali na mfupa. Ikisoma 62 toa, maana joto linaendelea kupanda nyuzi 2 au 3 ikiwa nje. (Kuhusu usalama wa nyama, nitaeleza chini. Najua swali linakuja.)

Zitoe chopsi kwenye sahani, zifunike zipumzike dakika 5. Viazi virudishe peke yake, moto juu kabisa, vikauke na kukakamaa. Maji yaliyotoka kwenye nyama yamwagie juu ya viazi wakati wa kupakua.

Huku wanaila na mkate wa Umbria, ambao hautiwi chumvi hata kidogo, wanafutia mchuzi wa trei. Pembeni wanaweka cicoria, majani machungu yaliyochemshwa kisha yakakaangwa na saumu na pilipili. Mkipata mchunga, pikeni hivyohivyo, uchungu wake unakata mafuta ya nguruwe vizuri sana.

Karibuni kwa maswali.

kinondoni_jikoni

Mkuu asante kwa uzi ulioshiba. Sisi ambao hatuna oveni tunafanyaje? Nina jiko la mkaa na sufuria tu.

Mleta uzi

Dada, mkaa unafaa kabisa. Si mnapika mkate wa kumimina kwa moto wa juu na chini? Ni mtindo huohuo. Tafuta sufuria pana na nzito, yenye mfuniko bapa unaobeba makaa bila kuyumba. Makaa ya chini yawe machache, ya juu yawe mengi: ukigawa mafungu matatu, moja chini na mawili juu. Viazi vina wanga na sukari, moto wa chini ukizidi vinaungua kabla havijaiva.

Kwa kuwa joto la mkaa hulioni kwa namba, vichemshe viazi kwanza kwenye maji ya chumvi dakika 6 au 7, mwaga maji, acha mvuke utoke, kisha vitikise ndani ya sufuria mpaka kingo zichakae. Hapo kazi ya moto inabaki kuvipa rangi tu. Mfuniko uinue kidogo mara mbilitatu kuutoa mvuke. Chopsi kaanga mwanzo kama nilivyoeleza, ziingie mwishoni, na ukiziingiza ongeza makaa ya juu.

waru_na_nyama

Niko Nairobi, oveni yangu ni ya gesi. Nilijaribu hii kitu na viazi aina ya Shangi vikavunjikavunjika vyote, ikawa ni kama mashed. Shida ni nini?

Mleta uzi

Shangi inaiva haraka sana na ina unga mwingi, ndiyo maana wauza chipsi na akina mama wanaipenda. Kwa sahani hii inafaa ukifanya mambo mawili. Kata vipande vikubwa zaidi, nusu kiazi au robo ya kiazi kikubwa, na usivichemshe kabla. Hapa Umbria wanapenda kiazi chekundu cha Colfiorito, cha kwenye uwanda wa juu mpakani na mkoa wa Marche, ambacho tangu 2015 kina ulinzi wa jina wa Umoja wa Ulaya. Kina ganda jekundu, nyama ya njano, na kinashikana kikiokwa. Sokoni kwenu chagua viazi vyekundu, viwe vigumu, visivyochipua.

Halafu oveni nyingi za gesi zinatoa moto chini peke yake. Trei iweke ngazi ya katikati, si ya chini. Rangi ya juu ipate kwa grili dakika 3 za mwisho, viazi vikiwa peke yake.

mnyalu_wa_mafinga

Kaka shikamoo. Hapo kwenye nyuzi 62 mimi nimesita. Sisi huku nyanda za juu tunafuga nguruwe na tunalijua suala la minyoo. Nyama yenye wekundu ndani mimi siwapi watoto wangu.

Mleta uzi

Marahaba mdogo wangu. Umesita mahali sahihi, na hili nalijibu kwa urefu.

Nyuzi 63 na kupumzisha dakika 3 ndicho kiwango cha idara ya kilimo ya Marekani tangu 2011 kwa nyama nzima isiyosagwa. Kabla ya hapo walikuwa wanasema 71. Wamekishusha kwa nguruwe wao, wanaofugwa ndani na kukaguliwa. Kwetu kuna tegu wa nguruwe, mnyoo aitwaye Taenia solium, na tafiti zimemkuta sehemu kama Mbulu na Mbozi. Kwa hiyo ukinunua nyama isiyo na mhuri wa mkaguzi wa mifugo, au nguruwe alikuwa akizurura, ipike mpaka ipite 71 ndani, isibaki na wekundu wala maji ya damu karibu na mfupa. Hapo chukua kipande cha shingo badala ya mgongo, maana mafuta yake yanahimili joto hilo na bado unakula nyama laini. Ukiona kwenye nyama mbichi vifuko vyeupe vya ukubwa wa punje ya mchele au harage dogo (ndimo walimo tegu wachanga), usinunue. Usikubali akuambie ni mafuta.

Kuna jambo watu wengi wanalichanganya. Anayekula nyama yenye vifuko haijaiva anapata tegu mkubwa wa tumboni. Vifuko vya kwenye ubongo, vinavyoleta kifafa, vinatokana na kumeza mayai ya tegu, nayo yanatoka kwenye kinyesi cha mtu mwenye tegu huyo: mikono isiyooshwa, maji machafu, mboga mbichi. Mtu asiyekula nguruwe kabisa anaweza kupata ugonjwa huo wa ubongo. Choo, sabuni na kumfungia nguruwe bandani vinalinda kijiji kizima, wanaokula na wasiokula.

Mwenye friza anaweza kuigandisha nyama kwanza. Nyuzi 15 chini ya sifuri kwa siku 3 zinaua vifuko hivyo. Nyama ikiwa nene iache zaidi, baridi ifike katikati.

mnyalu_wa_mafinga

Asante kaka, umenijibu. Hiyo ya mayai nilikuwa siijui.

mswahili_wa_ohio

Habari za huko mkuu. Huku Columbus wenzangu kazini wana "chopsi za Kiitaliano", wanamwagia supu ya uyoga ya kopo juu ya viazi na nyama mbichi, wanafunika, saa moja na nusu. Wengine wanatia nyanya za kopo toka mwanzo. Nyama inalainika kweli ila viazi vinagoma. Kwa nini?

Mleta uzi

Supu ya uyoga ya kopo ni ya Kimarekani, Campbell's waliileta 1934 na ikaingia kwenye kila chakula cha oveni cha nchi hiyo. Ni chakula halali cha watu, ila Umbria huikuti.

Kuhusu viazi kugoma, umeuliza swali zuri. Kwa wanaotia nyanya, sababu ni uchachu. Pektini kwenye mazingira yenye asidi inakataa kulegea. Nyanya, siki, limau, mvinyo, vyote vinafanya hivyo. Ukitia nyanya dakika ya kwanza unaweza kuoka mpaka usiku na kiazi kikabaki na ugumu fulani wa ajabu, si kibichi, si laini. Ndiyo maana kwenye pishi langu mvinyo unaingia mwisho, viazi vikiwa vimeshaiva.

Ukitaka ya nyanya, Napoli wana mtindo wa pizzaiola: nyanya, saumu na oregano. Pika mchuzi huo pembeni mpaka uwe mzito, umwagie juu ya chopsi dakika 10 za mwisho. Na huko kwenu Wamarekani wenye asili ya Italia wana pishi moja bora sana, chopsi na pilipili hoho za siki. Ukipata zile hoho za chupa, zikaange kidogo kwenye kaangio la chopsi na vijiko 2 vya siki yake, umwagie juu ya viazi ukipakua. Hiyo naipenda kuliko ya nyanya.

binti_wa_muscat

Assalaam alaykum. Sisi hii nyama hatuli, lakini habari ya viazi kutangulia imenivutia. Naweza kufanya kwa mbuzi au kondoo?

Mleta uzi

Waalaykum salaam dada yangu. Unaweza, na hutakuwa umeigeuza iwe kitu kingine, kwa sababu Waroma wenyewe siku ya Pasaka wanaoka mwanakondoo na viazi, rozimari na saumu. Wanamwita abbacchio, na ni mchanga sana, bado wa kunyonya.

Ukipata chopsi za mwanakondoo, mpango ni huohuo, ila ni ndogo, dakika 6 hadi 8 za oveni zinatosha. Mvinyo acha. Tumia supu ya mifupa nusu kikombe, na maji ya limau kijiko kimoja ukishaitoa trei. Mbuzi mkubwa ni habari tofauti. Nyama yake ina mishipa migumu inayotaka muda mrefu, kwa hiyo hapo mpangilio unageuka: nyama inatangulia, ikiwa imefunikwa na supu kidogo, nyuzi 160, saa moja na nusu au mpaka uma uingie bila kusukuma. Halafu ndipo viazi viingie, funua, pandisha 200, dakika 40. Shamari usiiache, inakwenda na mbuzi vizuri mno.

kinondoni_jikoni

Nimerudi. Mvinyo mweupe mkavu Dar nichukue upi? Na mafuta ya zeituni bei yake hainiruhusu.

Mleta uzi

Chukua mweupe wa Dodoma, hakikisha chupa imeandikwa mkavu. Ule mtamu utaunguza kaangio na kuacha ladha ya sukari. Kwa mafuta, alizeti inatosha kukaangia na kuokea viazi. Ukiwa na zeituni kidogo, ihifadhi kijiko kimoja umwagie juu mwishoni, ndipo harufu yake inapoonekana. Na mafuta yaliyotoka kwenye chopsi usiyamwage. Yakusanye kwenye kikombe, viazi vya kesho vikaangie hayo.

waru_na_nyama

Swali la mwisho. Jumamosi nina wageni 12. Naongeza muda ama?

Mleta uzi

Usiongeze muda wa nyama, ongeza trei. Viazi kilo 3, trei mbili pana, moja juu na moja chini, na ukifika wakati wa kugeuza viazi uzibadilishe ngazi. Oveni ikijaa joto linashuka, kwa hiyo viazi vipe dakika 45 hadi 50 badala ya 35 kabla nyama haijaingia, na uonje kipande kimoja kutoka kila trei. Chopsi kaanga tatu tatu, usizibananishe kwenye kaangio. Zinazosubiri zikae kwenye sinia. Viazi vyote vikishaiva, panga chopsi 6 kila trei, kisha pima kila trei peke yake, ya juu itatangulia. Kama huna kipimajoto, anza kuangalia karibu na mfupa dakika ya 12.